Nilivyowatunza ngisi wadogo wa mchangani hapa Mombasa

Ngisi hawa ni wa jenasi (kundi la spishi zinazokaribiana) iitwayo Euprymna. Kila mmoja hukua mpaka mwili wake, ukiacha mikono, ufike sentimita 3 au 4 hivi. Ni mviringo, ana mikono 8 na minyiri 2, na mapezi mawili yaliyokaa ubavuni kama masikio. Mchana wote amejizika mchangani, usiku hutoka kuwinda. Hadi nilipoweza kuwaweka hai mpaka wakataga na mayai yakaanguliwa, nilikwisha kuona kwamba nguvu nyingi zinapaswa kwenda kwenye mchanga. Tangi la kifahari halimsaidii kitu mnyama huyu akikosa pa kujizika.

Nianze na jinsi anavyojizika. Hutua, hupuliza maji kwa mrija wake mbele na nyuma mpaka apate kishimo, akaketi ndani yake. Kisha mikono miwili ya ubavuni huchota mchanga na kujimwagia mgongoni mpaka yabaki macho tu. Ngozi yake pia hutoa ute unaonata, kwa hiyo hata anapotoka hubaki amevaa koti la mchanga. Akishtuka huliachia lote kwa mara moja, na adui hubaki na wingu la vumbi.

Chembe zikiwa kubwa, shughuli hiyo yote hukwama. Changarawe za matumbawe hazipeperuki kwa pumzi yake, tena hukwaruza ngozi. Ngisi aliyeshindwa kujizika huogelea mchana kutwa akijigonga kwenye kioo, ncha ya nyuma ya mwili huchubuka, bakteria huingia kwenye kidonda na hakawii kufa. Matope nayo ni laini kupita kiasi: huziba matamvua anayopumulia, na chini hugeuka meusi yenye harufu ya yai viza. Mimi hutumia mchanga wa bahari unaopita kwenye chujio la chai lenye matundu ya kama milimita 1, nikausuuza kwa maji ya bahari mpaka maji yatoke meupe. Sabuni haikaribii hapo kabisa. Kina cha sentimita 4 kinatosha kwa mkubwa. Ukizidisha sentimita 6, tabaka la chini hukosa hewa na kuoza. Mchanga wa ujenzi uache, chembe zake ni kali na huwezi kujua umebebwa na gari lililobeba nini kabla yake.

Tangi langu ni la lita 60 kwa ngisi wawili. Kabla hajaingia mnyama yeyote, niliendesha chujio la sponji kwa wiki 6 nikiweka kipande kidogo cha kamba mbichi kioze, ili bakteria wanaokula amonia, sumu itokanayo na uchafu na vitu vinavyooza, wakue. Amonia na naitraiti (sumu ambayo amonia hugeuzwa na bakteria hao) zote zisome sufuri kwenye kipimo. Ngisi hazivumilii hata kidogo. Shaba ni sumu kali kwake, hivyo bomba, koki na viungio vyote ni vya plastiki. Mdomo wa pampu naufunika kwa sponji, na jiwe la hewa nalitenga kando, maana viputo vidogo vikiingia ndani ya mwili wake hunasa na kumfanya aelee.

Maji nachota baharini wakati maji yamejaa, upande ulio wazi, mbali na mdomo wa kijito cha Tudor. Wakati wa masika hungoja siku kadhaa baada ya mvua kubwa, kwa sababu maji matamu ya mitoni na uchafu wa mitaroni hushusha chumvi. Haidromita, kifaa cha kupimia chumvi, isome 1.024 hadi 1.026. Maji ya visima vya chumvi vya mjini hayafai, hata yakionja kama bahari. Visima vingi viko karibu na vyoo vya shimo, na naitreti, kemikali itokanayo na uchafu huo, imo ndani. Kila wiki nabadilisha sehemu moja ya tano.

Joto ndilo linaloua wengi hapa pwani. Bahari yetu huwa kiasi cha nyuzi 25 wakati wa kusi na hukaribia 29 au zaidi kaskazi inapokatika, lakini tangi ndani ya nyumba ya bati hupita hapo kwa urahisi. Maji ya moto hubeba oksijeni kidogo huku mnyama akihitaji zaidi. Feni ndogo inayopuliza juu ya maji hushusha nyuzi 2 au 3. Malipo yake ni kwamba maji hukauka haraka na chumvi kupanda, kwa hiyo kila jioni najazia maji matamu yaliyosafishwa, yale ya madumu ya lita 20 yanayouzwa madukani, bila kuongeza chumvi. Umeme ukikatika, pampu ya betri huwa tayari pembeni na chupa za maji yaliyoganda zimo kwenye friji.

Kuwapata kunataka kujua maji. Wakati wa bamvua hapa Mombasa, maji hutoka kabisa kwenye saa nne au saa tano usiku, na bamvua la mwezi mwandamo ni bora kuliko la mwezi mpevu kwa sababu ya giza. Natembea kwenye maji ya magotini, pale mchanga unapopakana na majani ya bahari, nikiburuta miguu ili samaki taa aliyelala akimbie badala ya kunichoma. Ndani ya hifadhi ya taifa ya bahari hakuokotwi kitu, si ngisi wala mchanga. Nje yake pia, ulizia kibali cha uvuvi kwanza. Kurunzi ya mwanga mwekundu haimshtui sana. Usimwinue kwa wavu. Wavu huchubua, na akitoka hewani hufyonza hewa ikabaki mwilini. Zamisha kikombe cha plastiki, msukume kwa upole aingie, umhamishe yeye na maji yake. Akitoa wino ndani ya ndoo, badilisha maji yote papo hapo.

Chakula ni kamba wadogo walio hai, wasizidi urefu wa mwili wake, wawili au watatu kwa usiku. Huwapiga kwa minyiri kwa kasi ambayo jicho halifuati. Vilivyobaki asubuhi huvitoa, kwani kamba mmoja aliyekufa anatosha kuharibu maji ya lita 60.

Kuna jambo moja la ndani ya mwili wake ambalo hubadilisha utunzaji wote. Tumboni ana kiungo cha mwanga chenye bakteria waitwao Vibrio fischeri. Usiku hung'aa kuelekea chini kwa kiasi cha mwanga wa mbalamwezi, kivuli chake kisionekane na walio chini yake. Katika spishi ya Hawaii, Euprymna scolopes, iliyochunguzwa kuliko zote, kila alfajiri mnyama hutoa nje kiasi cha asilimia 95 ya bakteria hao, na waliobaki huzaana upya mchana. Mtoto huzaliwa hana hata mmoja. Huwapata kutoka kwenye maji ndani ya saa chache. Kwa hiyo sitii taa ya kuua vijidudu kwenye tangi hili. Kwenye chombo cha mayai, yakikaribia kuanguliwa, humwaga nusu lita ya maji yaliyotoka kwa wakubwa alfajiri.

Dume hutambulikana kwa mkono wa juu wa kushoto uliobadilika umbo. Humkamata jike kwa chini, na wakishikana usiwaguse. Kwa Euprymna tasmanica wa Australia, kupandana huchukua hadi saa 3, na baadaye wote wawili huogelea kwa udhaifu kwa muda wa nusu saa hivi. Kwa sababu hiyo siwapi chakula wala siwashi taa mara wakiachana.

Jike hutaga chini ya kitu kigumu. Nimemwekea kigae cha chungu kilichoinamishwa, na huyabandika mayai kwenye dari lake, makumi kadhaa au zaidi ya mia, kisha huyapaka mchanga. Hapo wafugaji wengi huharibu kwa wema: wanayasugua yawe safi, au wanatia dawa ya kuua bakteria wakihofia ukungu. Ute wa yai hubeba bakteria ambao jike ameuwekea kutoka kwenye tezi yake maalumu, na hao ndio wanaozuia ukungu. Watafiti walipowaua kwa dawa, mayai yalifunikwa na kuvu. Nahamisha kigae kizima chini ya maji, nakiweka kwenye mkondo mpole, na sigusi tena.

Kwa nyuzi 24 huanguliwa baada ya wiki 3 hivi; joto likizidi huwahi. Hutoka giza likiingia, mwili ukiwa wa milimita 2, na hujizika mapema sana, ndiyo maana chombo chao nimekiwekea mchanga laini zaidi, wa kina cha nusu sentimita. Watataka uduvi walio hai, wadogo kadiri iwezekanavyo, wengi kiasi kwamba hawawatafuti. Wanaotanda uduvi asubuhi hunipa walio hai kwenye ndoo yenye hewa. Artemia (vijidudu vya maji ya chumvi vinavyototolewa kulishia samaki) waliototolewa karibuni hawafai peke yao: ni wadogo mno na lishe haitoshi. Tangu wiki ya kwanza huwatenganisha kwa ukubwa, kwani mkubwa humla mdogo, na hakuna wa kurudishwa kwa wazazi mpaka ashike kamba mwenyewe.