Mvuta waya

Mwaka 2009 niliingia Uwanja wa Taifa, huu tunaouita sasa Benjamin Mkapa, kwa mara ya kwanza bila kulipa kiingilio. Nilivalishwa kizibao, nikakabidhiwa waya mnene kama kidole gumba, nikaambiwa: "Bwana mdogo, kaka yako akienda, mpe. Akirudi, mnyang'anye." Mafunzo yangu ya kazi yaliishia hapo.

Huyo kaka alibeba kamera ya begani, kilo kama kumi hivi, kando ya mstari wa uwanja. Jicho lake limezama kwenye kioo, hajui mgongoni kwake kuna nini. Kujua ni kazi yangu. Mshika kibendera akija mbio, namvuta kaka mkanda wa suruali. Waya ukimkaza kidogo tu, picha inaruka, na mwongozaji aliyekaa ndani ya gari huko nje anawaka. Kaka anatukanwa kwenye hedifoni, kisha ananigeuzia mimi, mdomo mtupu.

Waya ule haukuwa wa mchezo. Picha inapita humo kwenda garini, sauti ya mwongozaji inarudi humo, na umeme wa kamera humo humo. Mvua ikinyesha tulikimbilia kufunga viungio kwa mifuko ya rambo (marufuku ya plastiki ilikuwa bado, ilikuja 2019). Kiungio kikilowa, kamera inazima, na hakuna atakayeilaumu mvua.

Kukunja ndiko kulikonitoa jasho. Mimi nilizungusha kiwikoni kama kamba ya kuanikia nguo. Kaka akanipiga kofi la mkono. Unakunja duara moja hivi, la pili unaligeuza ndani nje, hivyo hivyo mpaka mwisho. Usipofanya hivyo waya unajisokota, nyuzi za ndani zinakatika taratibu, na siku utakapouhitaji ndipo utakapokusaliti. Mita mia, saa nne usiku, watu wote wameshaondoka.

Nimefanya mechi za Simba na Yanga, na katika miaka yangu 3 ya waya sikuona bao hata moja. Nilijua limeingia kwa kelele, na aliyefunga nilimjua kwa upande wa jukwaa ulikotoka kelele.

Siku hizi napiga habari. Nina kamera yangu, na begi la mgongoni lenye laini kadhaa za simu ndilo linalorusha picha. Kijana wangu hana cha kuvuta. Nikimwona anavyoviringisha chaja yake, roho inaniuma.

Mama, kule Korogwe, kila mechi alikwenda kwa jirani kunitafuta kwenye runinga. Siku moja kamera ya jukwaani ikanipitia, labda sekunde mbili. Usiku akapiga simu.

"Mwanangu, nimekuona. Lakini mbona uwanja mzima unatazama mpira, wewe umeupa mgongo unakunja kamba?"