Siku Moja Maishani Mwangu: Mtunza Mwendelezo Ndani ya Behewa

Saa 11 alfajiri ninashuka matatu jijini Nairobi na kuelekea kwenye behewa kuukuu tunamopigia filamu fupi ya marehemu anayedaiwa nauli. Familia inampeleka babu Kisumu akazikwe. Kwa kuwa wamemketisha kitini, kondakta anadai tiketi yake, na mjane anajibu kwamba asiyepumua hatumii hewa ya behewa, hivyo apunguziwe.

Kazi yangu ni kutunza mwendelezo, yaani kuhakikisha kwamba shoti zilizopigwa kwa saa tofauti zinaonekana kama dakika moja. Wengi huniita karani. Hadi saa 4 nimekwisha kupiga picha mavazi yote na kupima chai katika glasi ya mjane.

Saa 5 ndipo kazi inapokuwa nzito. Behewa haliendi popote: vijana wanalitikisa kwa boriti huku wengine wakipitisha taa madirishani ili lionekane linasafiri, na kila mtikiso unamwaga chai na kuinamisha kofia ya marehemu. Ninajaza glasi, ninanyoosha kofia, tunaanza upya. Kisha umeme unakatika, na unaporudi jua limehamia dirisha la pili, mjane naye ameshika glasi kwa mkono wa kushoto.

"Dada, katika filamu ya maiti anayedaiwa tiketi, nani ataangalia mkono?" ananiuliza mwigizaji wa kondakta.

"Kila mtu, Mzee," ninamjibu. Katika filamu ya kindoto mtazamaji hutafuta maana katika kila kitu, kwa hiyo glasi ikihama mkono bila sababu ataidhani ni fumbo, na kicheko tulichokijenga juu ya nauli kitapotea. Mwongozaji anakubali turudie, ingawa wote tumechoka na njaa inauma.

Wapo wanaosema mambo kama haya hayatokei garimoshini. Mwaka 1900, katika stesheni ya Kima, simba aliingia ndani ya behewa akamburuta nje ofisa wa polisi wa reli, Charles Ryall, aliyekuwa amekuja kumwinda simba huyo huyo. Behewa hilo limehifadhiwa katika Makumbusho ya Reli hapa Nairobi.

Usiku umeingia, miguu imevimba, nami bado ninamwandikia mhariri: katika shoti pana, kofia inaelekea kushoto mpaka kondakta atoboe tiketi; mhariri asiikate shoti kabla ya hapo.