Chuoni, juzuu amma isianze mapema

Mtoto akianza chuo cha Kurani hukutana kwanza na herufi 28 za Kiarabu. Zinazofanana kwa umbo zifundishwe pamoja: be, te na the hutofautiana kwa nukta tu, na jim, ha na kha vilevile. Zifuate irabu, yaani fataha (a), kasra (i) na dhuma (u), kisha sukuni (alama ya herufi isiyo na irabu), tanwini (irabu inayoishia na sauti ya n) na shada (alama ya herufi inayokazwa). Baada ya hapo ndipo juzuu amma, sehemu ya mwisho ya Kurani, yenye sura 37, kuanzia An-Nabaa hadi An-Nas.

Kosa kubwa ni kurukia juzuu amma kabla mtoto hajaweza kuendeleza neno, yaani kulisoma herufi kwa herufi. Huitikia vizuri na wenzake, wazazi wakafurahi, kumbe anasoma kwa masikio. Kumpima ni rahisi: funika mwanzo wa aya, mwonyeshe neno la katikati. Akishindwa, arudi kwenye irabu, wala asichapwe. Aliyeharakishwa hana kosa.

Siku hizi wengi hufika chuoni alasiri, wamechoka na shule. Kwa hao, nusu saa ya kusomeshwa mmoja mmoja, hata mistari mitatu tu, inafaa kuliko saa mbili za kuitikia kwa pamoja.