Grevilea, sedrela na majina mengine yanayodanganya

Ukiuliza mbao pale soko la Kadutu, Bukavu, utajibiwa kwa majina, lakini majina hayo si ya miti. Ni majina ya rangi, ya harufu na ya bei. "Grevilea" ni ubao wa hudhurungi wenye mabaka yanayong'aa. "Sedrela" ni ubao mwekundu unaonukia. "Libuyu" ni ubao wa msituni, na baba anayeuuza huenda hajauona mti wake ukiwa umesimama. Kwa anayetengeneza meza, majina hayo yanatosha. Kwa anayenunua miche na kusubiri miaka ishirini, hayatoshi hata kidogo.

Grevilea asili yake ni misitu ya mvua ya mashariki mwa Australia, na sedrela ina ndugu kulekule. Huko nako majina yalianza kwa namna hiyohiyo. Wakoloni wa Kiingereza waliofika Sydney mwaka 1788 walikuta miti wasiyoijua. Wakapasua gogo, wakatazama ndani, wakalipa jina la mti wa kwao wenye mbao inayofanana. Ndiyo maana Australia ina "maple" ambayo ni ndugu wa limau, jina lake kamili Flindersia brayleyana, na ina "walnut" ambayo ni ndugu wa avoka (parachichi), Endiandra palmerstonii. Huo wa pili mbao yake ni nzuri ajabu, ila imejaa silika, kitu kilekile kilicho ndani ya mchanga, na meno ya msumeno yanaisha makali kabla gogo halijafika nusu. Jina la "walnut" halimwonyi fundi hata chembe.

Tuanze na grevilea, kwa sababu ndiyo iliyojaa kwenye mipaka ya mashamba kuanzia Kabare hadi Idjwi. Jina la kisayansi ni Grevillea robusta. Waingereza waliuita silky oak, yaani mwaloni wa hariri. Si mwaloni. Ukoo wake ni mmoja na makadamia. Walichoona ni miale mipana ndani ya mbao, kama ya mwaloni wa Ulaya, inayong'aa kama kitambaa cha hariri ukishairanda. Tatizo ni kwamba jina hilohilo lilipewa mti mwingine wa kaskazini mwa Queensland, Cardwellia sublimis, na mbao nyingi zilizouzwa kama silky oak zilitoka kwenye huo. Ukisoma kwenye intaneti vipimo vya ugumu au vya ukaushaji wa silky oak, hakikisha kwanza ni upi unaozungumziwa.

Kuutambua shambani ni rahisi. Jani limechanika-chanika kama la jimbi, juu kijani, chini lina rangi ya fedha. Maua ni ya manjano iliyokolea, yamepangwa upande mmoja kama meno ya chanuo, na nyuki wanayapenda sana.

Mbegu ndizo zinazowashinda wengi. Tunda ni ganda dogo lenye umbo la mtumbwi, urefu kama sentimita 2, na ndani mna mbegu moja au mbili zenye bawa jepesi. Ganda likianza kutoka kijani kwenda kahawia, una siku chache tu. Likipasuka, upepo unachukua kila kitu. Kwa hiyo kata vitawi vyenye maganda yaliyoanza kubadilika rangi, uyatandaze kivulini juu ya shiti (turubai) siku mbili au tatu mpaka yafunguke yenyewe. Usiyaanike juani juu ya bati.

Usichume kwenye mti mmoja uliosimama peke yake. Grevilea haijichavushi vizuri yenyewe. Mti wa pekee unachanua sana na kuzaa kidogo, na miche yake hutoka dhaifu. Chuma kwenye miti mingi iliyo mbalimbali, angalau mita 50 kati ya mmoja na mwingine, na uchague iliyonyooka. Huku kwetu tunafanya kinyume: iliyonyooka inakatwa kwanza ikauzwe, iliyopinda inabaki kuzaa mbegu. Baada ya vizazi vitatu tunashangaa kwa nini grevilea za siku hizi zina matawi kama mparachichi.

Kilo moja ina makumi ya maelfu ya mbegu, hivyo kwa miche 500 gramu 15 za mbegu mpya zinatosha, ukihesabu na zitakazokufa. Katika joto la nyumba zinapoteza uhai ndani ya miezi michache. Zikikaushwa vizuri, zikafungwa kwenye chupa isiyopitisha hewa na kuwekwa kwenye frigo, zinaweza kufika hata miaka miwili. Anayekuuzia mbegu za mwaka jana kutoka kwenye mfuko wa karatasi anakuuzia mabawa.

Kitalu, au pepinieri kama wengi tunavyosema, kiandaliwe Machi au Aprili ili miche iende shambani mvua za Septemba na Oktoba zikishakolea. Changanya udongo wa juu na mchanga kiasi sawa, sia kwa nafasi, funika kwa udongo mwembamba usiozidi unene wa mbegu yenyewe, na uweke kivuli cha nusu jua. Zinaota kati ya siku 10 na 28. Majani mawili ya kweli yakitokea, hamishia kwenye sashe, yaani vifuko vya plastiki vya miche. Ukichelewa, mzizi mkuu unajikunja wakati wa kuhamisha, na mti wenye mzizi uliojikunja utaanguka kwa upepo ukiwa na miaka minne, wakati umeshausahau.

Kosa la kwanza kitaluni ni maji mengi. Mche unabana shingo usawa wa udongo, unalala, unaoza. Mwagilia asubuhi, na punguza kivuli mapema badala ya kuongeza maji. Kosa la pili wachache wanalijua: udongo uliochotwa chini ya grevilea kubwa. Mwaka 1967 watafiti wa Australia walionyesha kwamba mizizi hai ya mti huu ina kitu kinachoua miche ya aina yake yenyewe. Ndiyo sababu katika msitu wa asili huikuti imesongamana. Maharagwe hayana shida hiyo. Kwa hiyo udongo wa sashe uchote mahali pengine, na usijaze pengo la grevilea iliyokatwa kwa kupanda grevilea nyingine palepale. Na ukiona kwenye mizizi vishada vya nyuzi laini kama brashi, usivikate ukidhani ni ugonjwa. Ndivyo mti unavyotafuta fosforasi kwenye udongo mchovu.

Mche wa sentimita 20 hadi 40 uko tayari. Kwenye mpaka wa shamba acha mita 2.5 hadi 3, kisha baadaye toa mmoja kati ya miwili. Kama ni kivuli cha kahawa, mita 8 hadi 10. Mahali panapotuama maji usipoteze mche. Kwenye lava ya Goma pia, kama mtaimbo haushuki nusu mita, mti utadumaa na upepo utaumalizia.

Kupogoa ni kazi ya kila mwaka, kiangazi, kabla ya kupanda maharagwe. Ondoa matawi ya chini, acha theluthi ya juu. Kata karibu na shina bila kuchana gamba, kwa msumeno na si kwa panga, kwa sababu kisiki cha tawi kilichoachwa ndicho kitakachokuwa tundu ndani ya ubao. Matawi ni kuni nzuri, majani ni matandazo yanayooza polepole. Mbuzi hawayataki sana, hivyo usiupande ukitegemea malisho.

Na hapa ndipo jina linapogharimu watu: kwa kuwa grevilea nayo inaitwa "mti wa Australia", wengi wanaikata chini kama mkaratusi wakitegemea machipukizi. Mkaratusi ukikatwa unatoa sitiki (fito) mpya. Grevilea kubwa ikikatwa chini kwa kawaida inakufa. Ukitaka ichipue, ikate juu kwa urefu wa mtu na uache matawi kadhaa. Mkaratusi wenyewe, kwa jumla, si mti wa msitu wa mvua. Eucalyptus grandis ndiyo inayosimama kando ya misitu hiyo, kwenye mabonde yenye unyevu, na kiu yake ya maji inaonyesha ilikotoka.

Grevilea ikifika miaka 15 hadi 25 inapasulika. Mabaka ya hariri hayatokei kwa kila upasuaji. Gawanya gogo robo nne, kisha kila ubao ukatwe msumeno ukielekea kwenye moyo wa gogo. Ukikata tabaka kwa tabaka kama mkate, unapata ubao wa kawaida tu, na unapinda zaidi. Paka rangi kwenye miisho siku hiyohiyo, panga mbao kivulini kwa vijiti vya sentimita 2, kimoja kila nusu mita, vilivyonyooka wima kimoja juu ya kingine, na uweke mawe juu. Ubao wa sentimita 2.5 unahitaji miezi, si wiki. Ukiharakishwa juani unakauka nje ndani kukiwa kubichi, na nyufa zinajificha katikati mpaka siku ya kuranda.

Ni mbao ya ndani ya nyumba: kabati, mlango wa chumba, dari, kitanda. Ikigusa udongo haina maisha, na mchwa wanaila. Utomvu na vumbi lake lina kemikali za jamii ya zile za ganda la korosho, hivyo menizie (seremala) mwenye ngozi nyepesi atapata vipele mikononi na machoni. Mikono mirefu, kitambaa puani, sabuni kabla ya kula.

Sedrela sasa. Australia kuna mti ulioitwa red cedar, mwerezi mwekundu, Toona ciliata. Si mwerezi; ni ndugu wa mwarobaini na mkangazi. Ulikatwa tangu miaka ya 1790, ukaitwa dhahabu nyekundu, na mikubwa ikaisha karibu yote. Walipojaribu kuupanda kama shamba walishindwa na kiwavi wa nondo Hypsipyla, anayetoboa ncha changa: mti unakosa kichwa, unatoa vichwa vitatu, na ubao mrefu hauonekani tena. Wataalamu wa mimea waliwahi kuuweka Toona ndani ya jenasi (kundi la miti ya karibu) ya Cedrela, ndiyo maana neno "sedrela" kitaluni linaweza kuwa mti wa Amerika, Cedrela odorata, au wa Asia. Kabla ya kununua, omba uone mbegu. Ya Toona ciliata ina bawa pande zote mbili. Ya Cedrela ina bawa upande mmoja. Zote mbili zinakufa upesi, kwa hiyo zisiwe wiki hata tatu kwenye mfuko wenye joto.

Miti mingine nitaipitia haraka. Black bean, Castanospermum australe, jina limetokana na maganda makubwa kama ya maharagwe. Mbao ni ya kahawia iliyokolea, na zamani ilitumika kwa vibao vya umeme kwa sababu haipitishi mkondo kirahisi. Mbegu zake ni sumu, zinaua ng'ombe. Wenyeji wa asili wa Australia walizila baada ya kuzikata nyembamba, kuzilowesha siku nyingi kwenye maji yanayotembea na kuzichoma. Anayejua kulowesha mihogo michungu atadhani ameshaelewa. Hajaelewa, sumu si ileile. Asijaribu.

Bunya, Araucaria bidwillii, tunda lake linaweza kufika kilo 10 na linaanguka bila taarifa, hivyo usiupande karibu na njia wala bati. Kokwa zinachemshwa au kuchomwa na kuliwa. Mbegu yake ikipandwa inajenga kwanza kiazi chini ya udongo na kukaa kimya miezi mingi kabla ya chipukizi kutoka. Watu wengi wanamwaga sashe hizo wakidhani zimeoza.

Makadamia ndiyo yenye faida ya haraka zaidi kwa vilima vyetu. Jina hilo lilitolewa na Ferdinand von Mueller mwaka 1857. Tazama majani: yakikaa matatu-matatu na maua meupe ya krimu, ni integrifolia, yakikaa manne-manne, kingo zenye miiba na maua ya waridi, ni tetraphylla. Nunua mche uliobebeshwa, yaani uliounganishwa na kikonyo cha mti mwingine. Uliotoka kwenye mbegu unaweza kukuweka miaka saba au zaidi, na hujui utazaa nini. Anayebebesha mwenyewe achune pete ya gamba kwenye tawi litakalotoa kikonyo wiki 6 hadi 8 kabla, wanga ujikusanye humo. Bila hivyo vingi havishiki.

Usichume mtini. Okota zilizoanguka, kila wiki, menya ganda la kijani ndani ya siku moja, kisha kausha kivulini wiki mbili au tatu mpaka kokwa igonge ukiitikisa. Ukitaka kujua kama zilikomaa, tumbukiza kwenye maji kokwa chache zilizotolewa kwenye ganda gumu: iliyojaa mafuta inaelea, changa inazama. Na mbwa asipewe hata moja, maana miguu ya nyuma inalegea na anatapika, ingawa kwa kawaida anapona ndani ya siku mbili.