Msondo na serikali yake

Nikitaka kuielewa Tanzania ya wazee wangu, nasikiliza Msondo Ngoma. Bendi hii ilianza mwaka 1964 kama NUTA Jazz, mali ya chama cha wafanyakazi, NUTA. Chama kilipogeuka JUWATA, nayo ikawa JUWATA Jazz. Kilipokuja chama kingine, OTTU, jina likabadilika tena. Wanamuziki walikuwa waajiriwa, magitaa na tarumbeta za mwajiri. Polisi na Jeshi la Kujenga Taifa (JKT) nao walikuwa na bendi zao.

Kwa hiyo zilisifu serikali? Zilisifu, tena sana. Azimio la Arusha la 1967, lililotangaza siasa ya ujamaa, liliimbwa kweli kweli. Ila hapohapo waliimba wivu, ulevi, ndugu walioachwa kijijini, na Radio Tanzania ikarusha yote. Mimi hizo za siasa huziruka (wazee mnisamehe). Za ugomvi wa ndoa narudia.