Bagong ananinyima usingizi

Wiki hii nimelala saa tisa usiku siku mbili mfululizo na wa kulaumiwa ni jamaa mmoja wa Yogyakarta, Indonesia, aliyefariki 2020. Ki Seno Nugroho. Alikuwa dalang, yaani mchezeshaji wa wayang, vile vikaragosi vya ngozi ya nyati vinavyopiga kivuli kwenye shuka jeupe. Kijava sijui hata neno moja ila nakodoa macho tu, maana jamaa kakaa chini kakunja miguu, mikono yote ina vikaragosi, sauti za wahusika wote anatoa yeye, halafu mguu unagonga vibati kuwapa ishara wapiga gamelan, ile bendi yao ya magongo na vibati vya shaba. Na hiyo ni toka saa tatu usiku mpaka alfajiri inakaribia bana!

Ila kwenye YouTube kinachosambaa ni vile vipande vya usiku wa manane, wanapoingia vikaragosi vya kuchekesha, Semar na wanawe Gareng, Petruk na Bagong, utani mtupu, hata wakubwa wanachambwa. Zamani ili ucheke na Bagong ilibidi kwanza uwavumilie wafalme na mihotuba yao, sasa mfalme unamruka kwa kidole. Mi mwenyewe nimemruka, sidanganyi.

Ila wanaosema intaneti ndo imeharibu sanaa wanaionea. Chukua dangdut, muziki wa uswahilini kwao, ngoma na filimbi utadhani sinema ya Kihindi (aliyekulia taarab wala hapati shida), mwimbaji Rhoma Irama akaupachika magitaa ya rock miaka ya 70 ukashika nchi nzima. Baadaye akaja Inul Daratista, binti wa Pasuruan, anaimba kwenye harusi za vijijini huko, watu wakamrekodi, VCD feki zikajaa sokoni, TV inamstukia keshakuwa staa. 2003 Rhoma mwenyewe akaja juu kisa kile kiuno kinachozunguka kama drili, wapi, ndo akazidi kupaa. Hizo VCD ndo zilikuwa YouTube ya wakati ule.

Seno naye corona ilipofuta shughuli alicheza nyumbani, wapigaji wachache, laivu.

Jumamosi nataka niangalie moja zima, toka wafalme mpaka mwisho, bila kuruka. Bando la usiku nishanunua.