Usiwashe droni ndani ya mtumbwi

Jairoskopu, kihisi kidogo kilicho kwenye bodi inayoongoza droni, haisukumi droni hata kidogo. Inapima kasi ya mzunguko, bodi inaamua mota ipi iongezwe na ipi ipunguzwe. Kwa hiyo kosa dogo hapo huishia majini.

Ukichomeka betri, bodi husoma jairoskopu kwa sekunde chache na kuuchukua usomaji huo kuwa sifuri, yaani hali ya kutulia. Sasa uko kwenye mtumbwi nje ya mwalo wa Kirumba, Mwanza, wimbi linautikisa: mtikisiko nao unaingia kwenye sifuri, au bodi inagoma kabisa kuwasha mota. Iwashe nchi kavu, juu ya jiwe bapa, usiiguse mpaka ilie. Kama ni lazima iwashwe majini, kwenye ArduPilot (programu ya kuongozea droni) weka INS_GYR_CAL kuwa 0 ili isipime sifuri upya kila inapowashwa, ila baada ya kuisawazisha vizuri nyumbani.

Joto pia huhamisha sifuri. Droni iliyokaa kwenye gari juani ipoe kivulini kwanza.

Rafadha (panga la mota) iliyomeguka ncha ni mbaya zaidi. Mtetemo wake huonekana kwa jairoskopu kama mzunguko wa kweli, mota zinachemka zikijaribu kuusahihisha. Pengo likiwa hata milimita 1, tupa, usipige msasa.